Joe Hisaishi: kutoka albamu ya MKWAJU hadi muziki wa filamu na televisheni ya Japani

Swali la msomaji: Nimekutana na albamu ya 1981 inayoitwa MKWAJU, nikaambiwa aliyeitunga ndiye Joe Hisaishi wa Totoro na Spirited Away, zile filamu za katuni za Kijapani. Je, ni mtu mmoja? Alitokaje huko akafika kwenye filamu, na kule Japani muziki wa filamu na wa televisheni unatengenezwaje hasa, hatua kwa hatua, mpaka mtunzi alipwe? Mimi natunga muziki wa tamthilia, kwa hiyo naomba jibu la kazi, si la sifa.

Jibu:

Ndugu, ni mtu mmoja. MKWAJU ilipigwa na kikundi cha Mkwaju Ensemble, cha wapiga marimba na ngoma ambao Midori Takada alikuwa miongoni mwao, na Hisaishi ndiye aliyewatungia na kusimamia kurekodi. Miaka miwili baadaye aliitwa kwenye kazi ya filamu ya katuni ya Nausicaä, na toka hapo hajatoka kwenye filamu.

Wengi humweleza kama mtu aliyejaliwa melodi tamu. Amejaliwa kweli, ila melodi tamu peke yake haimweki mtunzi kazini miaka hamsini. Kilichomweka ni kwamba anajua njia tatu za kufanya kazi hii na hazichanganyi: muziki unaotungwa kabla picha haijakuwepo, muziki unaotungwa juu ya picha iliyokamilika, na muziki unaotungwa bila kuiona picha kabisa. Filamu za katuni zilimfundisha ya kwanza, filamu za kawaida ya pili, na televisheni inaishi kwa ya tatu. Wewe wa tamthilia utaihitaji zaidi hiyo ya tatu, lakini usiiruke ya kwanza.

Jina lake la kuzaliwa ni Mamoru Fujisawa. Alizaliwa tarehe 6 Desemba 1950 katika mji wa Nakano, mkoa wa Nagano, akaanza fidla akiwa na miaka minne katika shule ya mtindo wa Suzuki, na mwaka 1969 akaingia Chuo cha Muziki cha Kunitachi, Tokyo, kusomea utunzi. Jina la kisanii alilichukua kwa mwanamuziki wa Marekani Quincy Jones, akaligeuza liandikike Kijapani. Akiwa mwanafunzi aliusikia muziki wa Mmarekani Terry Riley, akaacha njia ya walimu wake na kushika muziki wa minimali: kipande kifupi cha noti tano au sita kinarudiwa, kisha noti moja inaongezwa, nyingine inasogezwa, mpaka msikilizaji anajikuta yuko mahali pengine bila kuona kona iliyokatwa. Anayejua jinsi marimba za Wagogo zinavyofumana hatapata shida kuufuata.

Muziki huo haukumlisha. Kilichomlisha ni televisheni. Mwaka 1974, akiwa na miaka 23, alitunga muziki wa katuni ya Hajime Ningen Gyatoruzu kwa jina lake halisi, na mwanzoni mwa miaka ya 1980 akaendelea na katuni nyingine kama Sasuga no Sarutobi na Mospeada. Usiidharau hatua hii. Katuni ya televisheni humlazimisha mtunzi kuandika vipande vingi vifupi kwa haraka, vya furaha, vya hofu, vya kukimbizana, na kuviacha mikononi mwa mtu mwingine atakayevikata apendavyo. Ukichanganya mazoezi hayo na tabia ya minimali ya kujenga kitu kikubwa kwa noti chache, unapata mtu aliyekuwa tayari kwa filamu kabla filamu haijamwita.

Muziki kabla ya picha

Mwaka 1983 kampuni ya Tokuma ilikuwa inatayarisha filamu ya Nausicaä, iliyoongozwa na Hayao Miyazaki, mwongozaji wa Totoro na Spirited Away, na kutayarishwa na Isao Takahata. Hisaishi hakuitwa kutunga muziki wa filamu. Aliitwa kutunga albamu ya taswira, yaani albamu inayotolewa kabla ya filamu, ikitungwa kutokana na michoro na maelezo ya mwongozaji tu. Albamu hiyo ilitoka Novemba 1983. Miyazaki na Takahata waliisikiliza wakiwa kazini, na muda wa kuchagua mtunzi wa filamu ulipofika, walimtaka huyohuyo. Filamu ikaingia kwenye kumbi Machi 1984.

Utaratibu huo umeendelea kwenye filamu nyingi walizofanya pamoja, kwa hatua hizi. Mwongozaji anaandika orodha ya maneno, kila neno na maelezo mafupi: msitu, upepo, hasira ya nguruwe pori, msichana anayepaa. Kwa Princess Mononoke maelezo ya Miyazaki yalikaribia kuwa mashairi. Mtunzi anageuza kila neno kuwa kipande kimoja kamili cha dakika tatu hadi tano, kwa jumla vipande kama kumi. Vinarekodiwa kwa gharama ya kadiri, kampuni ya rekodi inaviuza, na wachoraji wanavisikiliza wakichora. Filamu inapokaribia kuisha, mwongozaji, mtayarishaji na mtunzi wanakaa kuamua: kipande hiki kiwe dhamira kuu, yaani melodi inayorudi filamu nzima, hiki kiwe cha mhusika fulani, hiki kitupwe.

Faida yake ni kwamba kutupa ni rahisi. Melodi ikikataliwa kwenye albamu ya taswira hakuna okestra iliyokodiwa bure na hakuna tarehe ya kuonesha filamu inayokimbia. Faida ya pili ni kwamba mtunzi hajafungwa na sekunde, kwa hiyo melodi inapata pumzi yake ya asili, na mtu anaweza kuiimba. Albamu ya Totoro ya mwaka 1987 ilikuwa ya nyimbo za watoto hasa, ndiyo maana filamu yenyewe ya 1988 inaanza na wimbo wa kutembea, Sanpo, ambao watoto wa Japani wanauimba shuleni mpaka leo.

Hasara ipo pia. Kwa Howl's Moving Castle, Hisaishi alitunga kazi ya taswira kwa okestra kubwa na ikarekodiwa Prague na Czech Philharmonic. Baadaye Miyazaki akaona kwamba Sophie, shujaa wa filamu, anabadilika umri, kutoka miaka 18 hadi 90 na kurudi, na mtazamaji atampoteza asipokuwa na kitu kimoja cha kumshika. Akataka dhamira moja ipite filamu nzima. Hisaishi akaandika waltz mpya, dansi ya mapigo matatu, na hiyo ndiyo dunia nzima inaikumbuka. Isikilize kwa makini. Kwanza ni piano peke yake, polepole. Baadaye fidla zinaichukua kwa mdundo kamili wa kucheza, na mahali pengine inabaki mifupa yake tu, noti chache zinazotosha kumtambulisha Sophie. Mtunzi aliyelelewa na minimali hafanyi hivyo kwa kujikaza. Anazo noti chache, na anajua njia ishirini za kuzigeuza.

Mara nyingine picha yenyewe inahitaji muziki utangulie. Katika The Tale of the Princess Kaguya ya mwaka 2013, filamu pekee aliyomtungia Takahata akiwa mwongozaji, binti mfalme anapiga koto, ala ya nyuzi ya Kijapani, mbele ya macho yetu. Vidole vyake haviwezi kuchorwa kabla ya noti kujulikana, kwa hiyo sehemu za koto zilitungwa mapema, wachoraji wakazifuata. Katika tamthilia yako, mhusika yeyote anayeimba, kupiga gitaa au kucheza ngoma anataka hivyohivyo: muziki urekodiwe kwanza, upigwe eneo la kurekodi picha, na mwigizaji aufuate. Ukibandika muziki baadaye, macho yanaona mkono umechelewa hata kama mtazamaji hawezi kusema kasoro iko wapi.

Kuna kazi moja iliyokwenda kinyume na desturi yao. Kwa The Boy and the Heron ya 2023, Miyazaki alimwonesha Hisaishi filamu ikiwa karibu imekamilika, katikati ya 2022, na kumwachia aamue. Hapakuwa na albamu ya taswira. Dhamira kuu, Ask me why, ilitokana na kipande cha piano alichomtumia Miyazaki kama zawadi ya siku ya kuzaliwa. Muziki wa filamu hiyo ni mwembamba, umejaa piano na marudio, na uko karibu na minimali ya ujana wake kuliko filamu yoyote ya Miyazaki iliyotangulia.

Muziki juu ya picha

Picha ikishakuwepo, kazi inaanza na kikao. Mwongozaji, mtunzi na watu wa sauti wanaitazama filamu tangu mwanzo, wakisimamisha na kuandika: M1 inaingia hapa, inatoka hapa, M2 vilevile. Filamu ndefu ya katuni huwa na vipande kama 30. Kila kimoja kinapewa namba, muda wa kuingia hadi sehemu ya sekunde, muda wa kutoka, na sababu. Sababu ikikosekana, kipande kifutwe. Kosa la kawaida la mtunzi mgeni ni kujaza. Anaogopa ukimya, anadhani asiposikika atadhaniwa hakufanya kazi.

Mfano mzuri ni Laputa. Filamu hiyo ya 1986 inazidi saa mbili, lakini muziki wa awali haufiki saa moja. Disney walipotayarisha toleo la Kiingereza, waliona watazamaji wa Marekani hawajazoea kukaa kimya muda mrefu hivyo, na mwaka 1999 Hisaishi akatunga upya, akajaza sehemu nyingi zilizokuwa tupu na kuzipa okestra kubwa. Tafuta matoleo yote mawili, tazama mwanzo wake tu, pale ndege ya abiria inapovamiwa angani. Toleo la Kijapani linakuacha na injini, upepo na hatua za watu, na muziki unasubiri mpaka msichana aanguke. Toleo la pili linakuelekeza kuhisi nini tangu mwanzo. Kwangu la kwanza ni bora, maana muziki unapoingia unakuwa tukio.

Sasa hesabu, kwa sababu hapa ndipo wengi wanapokwama. Filamu ina fremu 24, yaani picha 24, kwa sekunde. Ukichagua mwendo wa mapigo 72 kwa dakika, pigo moja linachukua fremu 20 kamili. Mizani moja ya mapigo manne ni fremu 80, yaani sekunde 3.33. Tukio la sekunde 50 lina mapigo 60, sawasawa na mizani 15. Mhariri akikata sekunde 3.33, unaondoa mizani moja na kila kitu kinakaa. Akikata sekunde mbili, usiondoe mapigo, ongeza mwendo: mapigo 60 ndani ya sekunde 48 ni mwendo wa 75, na hakuna msikilizaji atakayegundua tofauti ya 72 na 75. Akikata sekunde nane, mwendo ungelazimika kufika karibu 86 na kipande kikageuka tabia, kwa hiyo hapo ondoa mizani mbili na urekebishe kidogo mwendo kwa kilichobaki. Muziki wa marudio una unafuu mkubwa hapa: mizani moja ikitoka katikati, haiachi kidonda. Melodi ndefu ya mizani minane ukiikata imevunjika.

Tatizo la pili ni mazungumzo. Sauti ya mtu mzima anayeongea inakaa kuanzia oktavu moja na kidogo chini ya C ya kati ya piano hadi karibu na hiyo C. Selo na viola zinaimba palepale. Ukiweka melodi ya selo chini ya maneno ya mwigizaji wa kiume, fundi wa sauti atashusha muziki mpaka usisikike, na atakuwa na haki. Fungua nafasi katikati: besi ndefu chini, piano au fidla juu, noti zisizohamahama maneno yanaposemwa, na melodi ijibu mhusika anaponyamaza. Katika Departures ya 2008, iliyopata Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mwaka uliofuata, shujaa ni mpiga selo aliyekosa okestra akawa mwoshaji na mvalishaji wa maiti. Selo ndiyo sauti kuu ya filamu, na inasikika waziwazi mikono inapofanya kazi na vinywa vimefumba. Ala ileile ingekuwa usumbufu mkubwa kama ingewekwa chini ya maneno.

Filamu za mwongozaji Takeshi Kitano zilimfaa kwa sababu hiyohiyo. Tangu A Scene at the Sea ya 1991 hadi Dolls ya 2002 walifanya pamoja filamu saba, zikiwemo Sonatine, Kids Return, Hana-bi iliyochukua tuzo kuu ya tamasha la Venice, Simba wa Dhahabu, mwaka 1997, na Kikujiro ya 1999 yenye kipande cha Summer. Wahusika wa Kitano husema machache, hukaa, hutazama. Hapo muziki unapata uwanja, na bado Hisaishi hakuujaza. Summer ni piano na nyuzi za fidla zinazodonolewa kwa vidole, noti fupifupi zenye hewa kati yake. Miyazaki na Kitano ni waongozaji wasiofanana kabisa, na kuwa na wote wawili katika miaka ileile kulimwokoa asigeuke mtunzi wa katuni tu. Hilo ni jambo la kupangwa katika maisha ya kazi, si la bahati peke yake.

Mambo mengine ya kiufundi nitayapita haraka. Katika miaka ya 1980 alitegemea sana kompyuta ya muziki ya Fairlight pamoja na sinthesaiza, na Laputa na Totoro zina mchanganyiko wa mashine na wapigaji hai. Kuanzia Mononoke ya 1997 okestra ndiyo inabeba mzigo. The Wind Rises ya 2013 ina sauti ya mono, yaani kila kitu kinatoka kwenye spika moja ya mbele. Okestra nene ingeziba injini na maneno, kwa hiyo muziki ni wa ala chache, balalaika na kodiani ya Kirusi zikitangulia. Na kwa mwisho wa Kaguya, viumbe wa mbinguni wanapokuja kumchukua binti, Takahata alikataa huzuni: wasio na dhiki hawaji na muziki wa msiba. Hisaishi akaandika maandamano ya shangwe yenye ngoma, kinubi na gitaa dogo la Amerika Kusini. Watu hulia pale kuliko ambavyo wangelia kwa fidla za majonzi, kwa sababu muziki haumjali yule binti hata kidogo.

Muziki bila picha

Televisheni ya Japani haina muda wa hayo yote. Tamthilia ya kawaida ya msimu ina vipindi kumi au kumi na moja, katuni ya msimu mmoja ina 12 au 13, na ile ya kihistoria ya NHK, shirika la utangazaji la umma, inayokwenda mwaka mzima huwa na vipindi kati ya 45 na 50. Hakuna mtunzi anayeweza kuandika upya kila wiki juu ya picha. Muziki unarekodiwa kwa mkupuo kabla ya vipindi kuhaririwa, unawekwa ghalani, na mtu wa kuchagua muziki anautoa kipande baada ya kipande. Katika katuni, mwongozaji wa sauti ndiye anayeandika orodha ya vipande vinavyotakiwa. Katika tamthilia za waigizaji kuna mchaguzi wa muziki, mara nyingi huyohuyo ndiye mtu wa milio.

Orodha hiyo ndiyo moyo wa kazi. Mstari mmoja unaweza kusomeka hivi: "M-14. Baba ameujua ukweli, hasemi. Sekunde 100. Piano na selo moja. Ianze na noti moja moja, ikue baada ya sekunde 30, iishe bila kufunga." Humo mna kila kitu: hali, urefu, ala, umbo na mwisho. Mstari usemao tu "huzuni" utakuletea kipande kisichofaa, kwa sababu huzuni ya mjane na huzuni ya mtoto aliyenyimwa ruhusa hazipigwi sawa.

Kwa msimu mmoja vipande 40 vinatosha, na mgawanyo unaofaa ni huu: dhamira kuu na sura zake tano, wahusika watano, kila mmoja vipande viwili, maisha ya kila siku vipande saba, wasiwasi na siri vipande saba, huzuni vinne, na viunganishi sita vya sekunde tano hadi kumi vya kuvuka kutoka eneo moja hadi jingine. Watunzi wapya huandika huzuni kumi na maisha ya kila siku viwili. Kipindi cha tatu kikifika, mchaguzi hana cha kuweka watu wanapokunywa chai, anarudia kipande kilekile, na mtazamaji anachoka bila kujua kwa nini.

Kila kipande kijengwe kikijua kitakatwa. Anza na sekunde nane hadi kumi zisizo na mdundo, ili kiweze kuingia chini ya maneno bila kugonga. Weka badiliko dhahiri karibu na sekunde ya 30. Acha pumziko fupi, hata nusu sekunde, karibu na dakika moja, maana hapo ndipo mkasi utapita. Maliza kwa noti inayokufa yenyewe. Mchaguzi mzoefu hupima kutoka mwisho: anaweka noti ya mwisho pale tukio linapoisha, anarudi nyuma kuona mwanzo umeangukia wapi, kisha anakata kwenye pumziko. Kipande kisicho na mwisho halisi, kilichoachwa kififie kwa mashine, kinamnyima njia hiyo.

Toa pia tabaka zake mbalimbali: nyuzi peke yake, mdundo peke yake, melodi peke yake. Kipande kimoja chenye tabaka tatu ni kama vipande vitano ghalani.

Wapigaji wa nyuzi kwa kazi hizi hupangwa mara nyingi 6-4-2-2: fidla za kwanza sita, za pili nne, viola mbili, selo mbili. Ni watu 14, wanasoma noti papo hapo, na siku moja au mbili za studio hutosha ghala zima. Bajeti ikibana, kundi dogo hupiga mara mbili na rekodi zikalazwa moja juu ya nyingine. Inasaidia unene, lakini makosa ya kulegea kwa nyuzi nayo yanajirudia, kwa hiyo wapatanishe upya kabla ya kupiga mara ya pili.

Hisaishi amefanya pia televisheni ya aina nyingine, iliyo karibu na filamu. Mwaka 1989 alitunga muziki wa mfululizo wa NHK kuhusu mwili wa binadamu. Kati ya 2009 na 2011 akatunga wa tamthilia ya Saka no Ue no Kumo, vipindi 13 vya dakika 90 vilivyooneshwa mwishoni mwa kila mwaka kwa miaka mitatu, na wimbo wake Stand Alone uliimbwa kwanza na Sarah Brightman. Kwa kazi ndefu hivyo, melodi ya wimbo ndiyo ghala lenyewe: ukisikiliza vipande vya vita na vya nyumbani utaikuta imevunjwa, imepunguzwa mwendo, imepewa ala moja. Kama tamthilia yako ina wimbo wake wa kufungulia, omba haki ya kuitumia melodi yake ndani ya vipindi. Japani, wimbo wa kufungulia katuni au tamthilia kwa kawaida ni wa msanii wa kampuni fulani ya rekodi, na mtunzi wa muziki wa ndani hawezi kuugusa bila makubaliano.

Malipo

Fedha huja kwa milango miwili. Wa kwanza ni ada ya kutunga, inayolipwa mara moja. Uliza mapema kama ada hiyo ni yako yote au ndani yake mna studio, wapigaji, fundi na mwandishi wa noti. Mikataba ya jumla ni ya kawaida sana, na mtunzi asiyepiga hesabu hujikuta amewalipa fidla 10 na hakubakiwa na kitu.

Mlango wa pili ni mirabaha, inayokusanywa Japani na chama cha JASRAC kilichoanzishwa 1939. Vituo vya televisheni hulipa kulingana na mapato yao na kutoa taarifa ya vipande vilivyotumika, na mgao hutoka kila robo mwaka. Kipande cha sekunde nane kinachochezwa kila kipindi kinaweza kumlipa mtunzi kuliko dhamira ya dakika nne iliyochezwa mara moja, na hiyo ni sababu nyingine ya kutovidharau viunganishi. Sehemu ya mirabaha huenda kwa mchapishaji wa muziki, ambaye mara nyingi ni kampuni tanzu ya kituo cha televisheni au ya wenye filamu.

Sinema zina historia tofauti. Kwa filamu za kigeni zinazooneshwa Japani, ada ya muziki ilikuwa yen 180,000 kwa filamu nzima, hata filamu ikiingiza mabilioni. Mwaka 2017 JASRAC ilitangaza kwamba inataka ada hiyo ihesabiwe kwa asilimia ya mapato. 

Hisaishi alijifungulia mlango wa tatu: jukwaa. Vipande vya filamu alivigeuza kuwa kazi za okestra anazoziongoza mwenyewe. Mwaka 2004 alianzisha World Dream Orchestra pamoja na New Japan Philharmonic. Mwaka 2008 alijaza ukumbi wa Budokan kwa onyesho la miaka 25 ya kazi na Miyazaki, na 2023 akatoa albamu ya muziki huo kwa kampuni ya rekodi ya Deutsche Grammophon akiiongoza Royal Philharmonic ya London. Mkwaju wenyewe aliuandika upya kwa okestra na kuurekodi mwaka 2009 na London Symphony Orchestra, kwenye albamu ya Minima_Rhythm.

Katika mkataba wako, basi, dai vipengele vinne kwa maandishi kabla ya siku ya studio: ada ya kutunga itajwe peke yake, mbali na gharama za kurekodi, jina lako liandikwe kwenye kila kipindi na kwenye taarifa ya matumizi ya muziki, kwa namba za vipande, tabaka na noti zibaki nakala moja kwako, na haki ya kuupanga muziki upya kwa jukwaa na kwa albamu ibaki ya mtunzi. Mtayarishaji akikataa kipengele cha nne, kubali kukigawana kwa asilimia, lakini usikifute.